Fundi wa Mwanga na Giza: Somo Kutoka kwa Floyd Crosby



Katika mijadala yetu ya Ijumaa mwaka huu palizuka swali lililotutenga kama maji na mafuta. Je, filamu iliyotengenezwa kwa pesa chache yaweza kuitwa sanaa, au ni takataka ya kuwapotezea watu wakati? Kundi la kwanza lilishikilia kwamba filamu za kutisha, na zile za viumbe kutoka sayari nyingine, ni upuuzi mtupu, na anayezitengeneza ni mtu aliyeshindwa na kazi ya maana. Kundi la pili lilipinga, lakini halikuwa na ushahidi wa kutosha, likalemewa na kunyamaza.

Swali hilo lina uzito kwetu kuliko linavyoonekana. Tamasha la drama la shule siku hizi lina kitengo cha filamu. Kila chama chetu kinapotaka kujaribu, mtu huinuka na kuuliza, "Pesa ziko wapi?" Basi tunatazamana, tunaketi, na mwaka unaisha. Ndiyo maana nimeona niwaletee ushahidi ule uliokosekana. Ushahidi wenyewe ni maisha ya Mmarekani mmoja, Floyd Crosby, aliyezaliwa mwaka 1899 na kufariki mwaka 1985. Bwana huyu alitunukiwa tuzo ya Oscar akiwa bado kijana. Kisha, umri ulipomwendea, akatumia miaka mingi kupiga picha za kaa wakubwa wanaokula watu na majumba yenye laana. Je, alianguka? Tusome kwanza, ndipo tuamue.

1. MPIGAPICHA WA FILAMU NI NANI?

Tunapotazama filamu, majina tunayoshika ni ya waigizaji. Wachache hushika jina la mwelekezi, yaani yule anayewaongoza waigizaji na kuamua hadithi isimuliwe vipi. Jina la mpigapicha mkuu hupita kwenye kioo wakati watu wameshaanza kutafuta viatu vyao. Lakini bila yeye hakuna filamu.

Kazi yake haiishii kwenye kubonyeza kamera. Yeye ndiye anayeamua taa ziwe ngapi, ziwekwe wapi na ziwe na nguvu kiasi gani. Huchagua lenzi. Huamua kamera isimame karibu au mbali, juu au chini, itulie au itembee. Mwelekezi husema, "Hapa nataka mtazamaji aogope," naye mpigapicha hutafuta njia ya kumwogofya. Sisi wa fasihi tunaweza kumfananisha na mwandishi wa riwaya. Mwandishi ataandika kwamba moyo ulimdunda mhusika wake. Mpigapicha hana neno hilo. Anacho tu kile kinachoonekana: uso ambao nusu yake imemezwa na giza.

Tena tukumbuke kwamba enzi za Crosby hapakuwa na kamera za kidijitali. Picha zilichukuliwa kwenye mkanda wenye upana wa milimita 35, picha 24 kila sekunde. Hebu tufanye hesabu kidogo. Dakika moja ya filamu ilimeza mita 27 hivi za mkanda. Filamu ya dakika 80 basi ilihitaji zaidi ya kilomita 2 za mkanda, na hiyo ni ile sehemu iliyotumika tu, bila kuhesabu ile iliyokatwa na kutupwa. Mkanda ulinunuliwa, ukapelekwa maabara kusafishwa kwa dawa, na ukiharibu hakuna kufuta kama tunavyofuta kwenye simu. Kila kosa lilikuwa pesa. Kwa hiyo mtayarishaji maskini alimhitaji mpigapicha stadi kuliko hata tajiri alivyomhitaji.

2. KUTOKA HAITI HADI BORA BORA

Crosby alianzia baharini. Mwaka 1927 alikuwa mpigapicha katika msafara wa mtaalamu wa viumbe William Beebe uliokwenda Haiti kuchunguza maisha ya baharini. Haukupita muda mrefu bahati ikambishia hodi. Waelekezi wawili mashuhuri, Mjerumani F. W. Murnau na Mmarekani Robert Flaherty, walikuwa katika visiwa vya Tahiti na Bora Bora, ndani ya Bahari ya Pasifiki, wakitengeneza filamu iitwayo Tabu. Flaherty ndiye aliyeanza kupiga picha, kamera yake ikamletea matata, basi akaitwa Crosby.

Sasa msomaji nisikilize kwa makini, maana hapa ndipo mbegu ilipopandwa. Murnau huyu ndiye aliyeelekeza Nosferatu mwaka 1922, mojawapo ya filamu maarufu za kutisha tangu sinema ianze. Katika filamu hiyo kuna pahali ambapo mnyonya damu anapanda ngazi. Hatumwoni yeye. Tunaona kivuli chake tu ukutani, vidole vimerefuka kama makucha. Crosby hakuwapo Nosferatu ilipotengenezwa, lakini huko visiwani alifanya kazi bega kwa bega na mtu aliyejua kwamba kivuli cha kitu chaweza kutisha kuliko kitu chenyewe.

Tabu si filamu ya kutisha. Ni hadithi ya msichana Reri aliyetengwa awe mtakatifu wa miungu, ikawa mwiko kwa mwanamume yeyote kumgusa. Mpenzi wake Matahi akatoroka naye. Mzee aitwaye Hitu akawaandama hadi mwisho, na mwisho wenyewe ni kilio. Filamu haina mazungumzo, kwa hiyo mzigo wote wa masimulizi uliwaangukia waigizaji, ambao wengi wao walikuwa wenyeji wa visiwa, na kamera ya Crosby. Murnau hakuishi kuona matunda. Alifariki katika ajali ya gari mwezi Machi 1931, siku chache kabla ya filamu kuonyeshwa kwa mara ya kwanza. Mwezi Novemba mwaka huo huo Crosby akapewa Oscar ya upigaji picha. Hakuwa ametimiza hata miaka 32.

3. SHULE YA HALI HALISI

Wengi tungedhani kwamba baada ya Oscar angekimbilia studio kubwa za Hollywood kula maisha. Badala yake alitumia muda mrefu katika filamu za hali halisi, zile zinazoonyesha watu na mambo ya kweli bila kubuni. Alikuwa miongoni mwa wapigapicha wa The River ya mwaka 1938, filamu kuhusu mto Mississippi, mafuriko yake na udongo wa mashamba uliosombwa na maji. Alipiga pia The Fight for Life ya mwaka 1940, inayohusu akina mama wanaojifungua katika umaskini. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia akapiga filamu za kuwafundisha marubani wa jeshi.

Hiyo ilikuwa shule ngumu. Ukienda kupiga picha kwenye nyumba ya mkulima maskini, huwezi kumwambia jua lisubiri. Huna taa hamsini wala wasaidizi mia. Una dirisha moja na mlango mmoja, na mtu aliye mbele yako ana shughuli zake. Basi unajifunza kuuliza: mwanga uliopo unatoka wapi, nami nisimame wapi ili unifae? Mtu akishazoea swali hilo, umaskini wa vifaa haumtishi tena.

4. ANGA JEUPE LA HIGH NOON

Mwaka 1952 ikatoka filamu ambayo hata babu zetu waliotazama sinema wanaikumbuka, High Noon, iliyoelekezwa na Fred Zinnemann. Ofisa wa usalama, aliyeigizwa na Gary Cooper, anangoja garimoshi la saa sita za mchana ambalo adui yake atakuja nalo. Anaomba msaada kwa watu wa mji. Wote wanamkimbia.

Wapigapicha wengi wa filamu za aina hiyo walipenda kuweka kichujio mbele ya lenzi ili anga lionekane jeusi na mawingu yawe meupe na ya kupendeza. Crosby na Zinnemann wakakataa katakata. Walitaka picha kavu, zifanane na picha za kale za vita vya Marekani vya karne ya 19. Anga la High Noon ni jeupe tupu, halina wingu la kumfariji mtu. Mtazamaji anahisi joto, anahisi vumbi, anahisi upweke wa yule mzee barabarani. Crosby alipata tuzo ya Golden Globe kwa kazi hiyo.

Hapa nawaomba mzingatie jambo moja. Uzuri wa picha zile ulipatikana kwa kuondoa kitu, wala si kwa kuongeza. Kuondoa hakuna gharama.

5. ZIMWI LA SIKU SITA

Miaka miwili tu baada ya High Noon, Crosby, akiwa na umri wa miaka 54, alifanya kazi na kijana wa miaka 28 aliyesomea uhandisi katika Chuo Kikuu cha Stanford na ambaye ndio kwanza alikuwa akianza kutayarisha filamu zake. Kijana huyo aliitwa Roger Corman. Filamu yenyewe ilikuwa Monster from the Ocean Floor ya mwaka 1954, kuhusu zimwi la baharini. Ilipigwa kwa siku sita!

Siku sita kwa filamu ya zaidi ya saa nzima maana yake ni kumaliza zaidi ya dakika 10 za filamu kila siku. Yeyote aliyewahi kushiriki mazoezi ya mchezo wa kuigiza hapa shuleni anajua tunavyotumia alasiri nzima kwa onyesho moja la dakika tano, tena bila kamera.

Corman alikuwa mtu wa kubana matumizi. Alijua kwamba kila siku ya ziada ni mishahara ya ziada, chakula cha ziada na kodi ya ziada ya kamera. Katika kazi kama hiyo muda mwingi hupotelea kwenye kupanga taa. Crosby alizipanga upesi na bado picha zikawa nzuri, naye Corman alimsifu kwa hilo. Wakaendelea pamoja, filamu baada ya filamu.

Mwaka 1957 wakatoa Attack of the Crab Monsters, iliyogharimu dola 70,000 hivi. Wanasayansi wanafika kisiwani na kukuta kaa waliokuwa wakubwa mno kwa sababu ya miali ya mabomu ya atomiki. Kaa hao wakimla mtu wanapata akili yake, na usiku huwaita marafiki wa marehemu kwa sauti ya marehemu mwenyewe. Jamani! Kwa kweli yule kaa wa bandia ukimwona waziwazi unaweza kucheka. Lakini gando likitokeza gizani, na sauti ya mtu aliyekufa jana ikikuita jina, kicheko kinakwama kooni.

Mwezi Oktoba 1957 Muungano wa Sovieti ukarusha Sputnik, setilaiti ya kwanza kutengenezwa na binadamu. Dunia nzima ikatazama juu. Corman hakungoja. Mwaka 1958 tayari War of the Satellites ilikuwa kwenye kumbi za sinema, na mpigapicha alikuwa Crosby. Hiyo ndiyo faida moja ya filamu ya bei nafuu: inaweza kuzungumzia hofu ya watu ikiwa bado moto. Filamu kubwa ya mamilioni ingefika hofu ikiwa imeshapoa.

6. "ZIMWI LIKO WAPI?"

Mwaka 1960 Corman aliwashawishi wakuu wa kampuni ya American International Pictures wampe pesa zaidi kidogo. Kampuni hiyo ilizoea kutoa filamu mbili mbili za haraka zisizo na rangi. Yeye alitaka moja tu, ya rangi, kwenye kioo kipana, itokane na hadithi ya Edgar Allan Poe iliyochapishwa mwaka 1839. Filamu ikaitwa House of Usher. Inasimuliwa kwamba wakuu walimuuliza zimwi liko wapi katika hadithi hii, naye akajibu kwamba nyumba yenyewe ndiyo zimwi.

Jibu hilo lilikuwa tamu kusema, lakini nani angelitimiza? Mwigizaji anaweza kuvaa kinyago akawa zimwi. Nyumba haivai kinyago. Mzigo ukamwangukia mpigapicha, pamoja na Daniel Haller aliyebuni vyumba na mapambo.

Walikuwa na siku 15 na takriban dola 300,000. Filamu ina dakika 79, yaani dakika tano na zaidi kila siku. Crosby aliitembeza kamera polepole kwenye korido, ikawa kama kuna mtu asiyeonekana anayetufuata. Aliacha pembe za vyumba gizani hata tukaanza kuzichungulia wenyewe. Mwigizaji Vincent Price, akiwa bwana wa nyumba asiyeweza kustahimili mwanga mkali, alipewa mwanga unaoufanya uso wake uonekane kama wa mtu aliyeanza kufa. Nyumba ikawa inapumua.

Filamu ilipendwa mno na watu, na nyingine zikafuata. Katika Pit and the Pendulum ya mwaka 1961, kila mhusika anapokumbuka mambo ya zamani, picha hugeuka rangi moja ya buluu na lenzi pana huvuta pembe za chumba zikapinda. Bila kuambiwa neno, mtazamaji anajua kwamba sasa yuko ndani ya kumbukumbu ya mtu mwenye akili iliyovurugika. Mapambo yaliyotumika katika filamu moja yalihifadhiwa na kutumiwa katika nyingine. Kazi ya mpigapicha ikawa kuufanya ukuta ule ule uonekane ukuta mwingine.

Mwaka 1963 wakatoa X: The Man with the X-Ray Eyes. Daktari anajitia dawa machoni ili aone ndani ya miili ya wagonjwa awaponye. Nia yake njema. Lakini macho yake hayaachi kuendelea kuona: yanapenya nguo, ngozi, kuta, hata kope zake mwenyewe, asipate tena giza la kulalia. Fikirieni jinsi hadithi hii inavyomfaa Crosby. Maisha yake yote alijua kwamba giza lina kazi yake, na hapa anasimulia habari za mtu aliyepoteza giza na kuangamia.

7. MBINU ZA KUTISHA BILA KUTUMIA PESA

Kutokana na filamu hizo, na kwa msaada wa somo letu la Fizikia, nimekusanya mbinu ambazo sisi pia tunaweza kuzitumia:

(a) Ficha. Zimwi lisionekane lote. Onyesha kucha, mlango unaotikisika, au kivuli. Akili ya mtazamaji itamalizia, tena itamalizia vibaya kuliko fundi yeyote wa vinyago.

(b) Geuza njia ya mwanga. Tumezoea mwanga unaotoka juu, wa jua au wa taa ya dari. Ukiuweka chini ya kidevu, vivuli vya pua na nyusi hupanda juu, na hata rafiki yako hugeuka mgeni.

(c) Kuza kivuli. Kitu kikisogea karibu na taa, kivuli chake ukutani huwa kikubwa. Kidoli kidogo chaweza kuwa jitu. Gharama yake ni hatua moja kuelekea kwenye taa.

(d) Tumia ukungu au moshi. Huficha kwamba nyuma ya waigizaji pana ukuta tu.

(e) Geuza mchana kuwa usiku. Wapigapicha wengi wa zamani walipiga picha za usiku wakati wa mchana kwa kupunguza mwanga unaoingia kwenye lenzi na kuongeza rangi ya buluu. Kwa sisi wa shule ya kutwa, ambao lazima tufike nyumbani kabla ya giza, mbinu hii ni mkombozi!

(f) Tembeza kamera kwa sababu. Kamera ikitembea polepole pahali palipo kimya, mtazamaji hungoja jambo. Ikitembea ovyo, anapata kizunguzungu tu.

8. JE, CROSBY ALIANGUKA?

Sasa turudi kwenye swali letu. Nitasema ukweli. Si kila filamu ya bei nafuu aliyoipiga Crosby ni nzuri. Nyingine zina hadithi nyepesi kama karatasi na mazimwi ya kuchekesha. Mpigapicha hawezi kuuokoa mswada uliooza, kama vile mpishi hodari asivyoweza kuyaokoa maharagwe yaliyoliwa na wadudu. Kundi la kwanza lina haki yake kwa hilo.

Lakini tazameni jambo hili. Nchini Marekani kuna orodha rasmi ya filamu zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge kwa sababu ni hazina ya taifa. High Noon iliingizwa mwaka 1989, orodha ilipoanza. The River ikaingia mwaka 1990. Tabu ikaingia mwaka 1994. Na mwaka 2005 ikaingia House of Usher, ile ya siku 15! Zote nne kapiga picha Floyd Crosby. Waliochagua hawakumuuliza mtu risiti. Roger Corman naye, aliyechekwa kwa kubana senti, alipewa Oscar ya heshima mwaka 2009, na alipofariki mwezi Mei 2024 akiwa na miaka 98 watu wa filamu walimlilia kama mwalimu.

Mtu aliyeanguka huonekana kwa namna anavyofanya kazi yake. Hulipua. Husema, "Hii ni ya bei rahisi, nani atajali?" Crosby alikuwa na kila sababu ya kulipua, maana jina lake lilikwishaandikwa, na hakuna aliyetarajia mengi kutoka kwa filamu ya kaa. Hakulipua. Maarifa yale yale aliyoyatoa Bora Bora ndiyo aliyoyapeleka kwenye nyumba ya Usher.

Jambo hili haliko Marekani peke yake. Mtaani kwetu yuko kijana tunayemwita kaka, anayepiga video za arusi, matanga na harambee. Siku moja mama mmoja alimwambia, "Mwanangu, sasa utatafuta kazi lini?" Akajibu kwa upole, "Mama, hii ndiyo kazi." Kijana huyo hufika kwenye arusi saa nzima kabla ya wengine, akazunguka uwanja kuangalia jua litakuwa upande gani bibi arusi atakapoketi, asije akakunja uso kwenye video yote. Wanaomlipa hawajui kwamba hufanya hivyo. Wao huona tu kwamba bibi arusi alipendeza. Naamini Crosby angemtambua huyo kuwa mwenzake.

Kwa hiyo, wanachama wenzangu, jibu langu ni kwamba pesa hununua vifaa, hununua siku, hununua umaarufu. Bidii na maarifa ya kuweka taa mahali pake hazinunui. Mwaka ujao mtu akiinuka na kuuliza, "Pesa ziko wapi?" tumjibu kwa swali la Crosby: mwanga uko wapi? Madarasa yetu yana madirisha upande wa mashariki. Tunaanzia hapo.

MSAMIATI

Mwelekezi: anayewaongoza waigizaji na kuamua namna hadithi itakavyosimuliwa katika filamu.
Mtayarishaji: anayetafuta pesa, watu na vifaa vya kutengenezea filamu.
Lenzi: kioo cha kamera kinachopitisha na kukusanya mwanga.
Kichujio: kioo au karatasi ya rangi inayowekwa mbele ya lenzi au taa kubadilisha mwanga.
Filamu ya hali halisi: filamu inayoonyesha watu na matukio ya kweli.
Gando: mkono wa kaa wenye kubana.
Kulipua kazi: kufanya kazi ovyo, bila uangalifu.

MASWALI YA KUJADILI

1. Kwa nini mtayarishaji asiye na pesa humhitaji mpigapicha stadi zaidi ya tajiri?
2. Eleza jinsi kazi ya Crosby katika filamu za hali halisi ilivyomfaa alipofanya kazi na Corman.
3. "Nyumba yenyewe ndiyo zimwi." Onyesha jinsi mpigapicha anavyoweza kuitimiza kauli hii.
4. Anga jeupe katika High Noon linatekeleza dhima gani? Linganisha na matumizi ya mandhari katika riwaya au tamthilia uliyosoma.
5. Je, unakubaliana na mwandishi kwamba Crosby hakuanguka? Toa sababu zako mwenyewe.

ZOEZI LA NYUMBANI

Jioni, chukua tochi moja au taa ya simu na kikombe. Weka kikombe mbele ya ukuta, kisha angaza kwa zamu kutoka juu, chini, kushoto na nyuma. Andika sentensi mbili kuhusu kila kivuli unachokiona. Yeyote atakayepata kivuli kitakachomtisha ndugu yake mdogo (asimlize lakini!) atusimulie Ijumaa.

Mwanachama, Kidato cha Tatu